Gertie, mbu au mistari ya Cohl: katuni bubu ipi uanze nayo?

Projekta niliazima, shuka nililitoa kitandani, na umeme siku hiyo ulikubali. Kilichonishinda ni kuchagua. Mpwa wangu wa miaka tisa alikuwa ameshatangaza mtaa mzima kwamba jioni kuna katuni za zamani kwa mjomba, na mimi nilikuwa na filamu kumi na kitu kwenye kompyuta, zote bubu, zote za kati ya 1906 na 1921, karibu zote kazi za watu waliopata riziki yao kwa kuchora vibonzo magazetini. Watoto hawa wamezoea katuni za rangi na kelele zisizokatika. Ukikosea filamu ya kwanza, ya pili utaitazama peke yako.

Najua kwa sababu nilishakosea. Safari ya kwanza nilifuata historia: nikaanza na ya zamani kuliko zote, kisha inayofuata, kisha inayofuata, kama mwalimu anayeandika tarehe ubaoni. Nilipofika 1908 waliobaki walikuwa wawili, na mmoja wao alikuwa amelala. Kwa hiyo hapa silinganishi ipi ilitangulia wala ipi inasifiwa zaidi vitabuni. Nalinganisha kwa ajili ya mtu mwenye saa moja, shuka moja, na watazamaji wasio na sababu yoyote ya kumvumilia.

Kabla ya kuuliza filamu ipi, uliza nani atasema. Hilo ndilo lililonifungua macho. Wachoraji hawa hawakuwa watu wa kimya. Kabla ya kamera, baadhi yao walikuwa wakipanda jukwaani katika kumbi za burudani za Marekani, katikati ya wanasarakasi na wachekeshaji, wanasimama mbele ya ubao na chaki, wanachora nyuso chapuchapu huku muziki ukipigwa. J. Stuart Blackton, mzaliwa wa Sheffield huko Uingereza, mwandishi na mchoraji wa gazeti la New York Evening World, alikuwa na mchezo huo. Winsor McCay wa New York Herald aliuanza Juni 1906, wakati kibonzo chake cha mtoto Nemo anayeota kila usiku kilikuwa kikisubiriwa na wasomaji kila Jumapili. Filamu mikononi mwao ilikuwa mwendelezo wa mchezo huo huo. Tunapoitazama leo peke yake kwenye simu, mara nyingine tunatazama nusu tu ya onyesho, nusu iliyobaki baada ya mtu kuondoka.

Sisi tuliokulia kwenye vibanda vya video hatuhitaji kufundishwa jambo hili. Filamu ya Hong Kong bila msimulizi ni watu wanaopigana mateke. Mweke msimulizi pembeni na kipaza sauti chake, awape majina ya Kiswahili, awatanie, awaonye, na kibanda kizima kinalipuka. Basi zigawe katuni hizi hivyo hivyo: zipo zinazodai mdomo, na zipo zinazojitosheleza.

Gertie na Fantasmagorie

Mizani yangu ina filamu mbili kubwa. Upande mmoja ni "Gertie the Dinosaur" ya McCay, ya 1914. Upande wa pili ni "Fantasmagorie" ya Mfaransa Émile Cohl, ya Agosti 1908. Zote mbili ni za wachoraji wa magazeti, zote zimechorwa kwa mkono karatasi baada ya karatasi, na hazifanani hata kidogo.

Cohl alikuwa na miaka 51 alipoitengeneza kwa ajili ya kampuni ya Gaumont. Maisha yake yote alikuwa mchora dhihaka wa Paris, mwanafunzi wa André Gill, mtu wa magazeti ya kucheka wakubwa. Alichora karatasi kama 700, kila moja akaipiga picha mara mbili, kisha akachapisha kinyume ili mistari myeusi juu ya karatasi nyeupe igeuke mistari myeupe juu ya weusi, kama chaki ubaoni. Fanya hesabu: picha 1,400, kwa mwendo wa picha 16 kwa sekunde, ni kama dakika moja na nusu. Haifiki hata muda wa kuchemsha chai, na haili bando.

Ndani ya dakika hiyo na nusu hakuna hadithi ya kusimulia, na ndiyo raha yake. Mkono unachora kijitu cha vijiti. Anatokea bwana mwenye kofia ndefu, anakaa kutazama sinema, na mbele yake anakuja kukaa mama mwenye kofia iliyojaa manyoya kiasi kwamba bwana haoni kitu. Umewahi kukaa nyuma ya mtu aliyefunga kilemba kama paa la msonge kwenye sherehe ya harusi? Ni huyo. Bwana anaanza kuyanyofoa manyoya moja moja. Kabla hujamaliza kucheka, kitu kimeshageuka kitu kingine: chupa inakuwa ua, shina la ua linakuwa mkonga wa tembo, tembo anakuwa nyumba. Mstari haukatiki, maana ndiyo inayohama. Kijitu anaruka dirishani, anavunjika, na mikono ya mchoraji mwenyewe inaingia kumuunganisha kwa gundi. Anaondoka juu ya farasi.

Sasa jaribu kusimulia hiyo. Nilijaribu. "Sasa ni chupa… sasa ni ua… sasa, aah, imeshapita." Msimulizi anakuwa mtu anayekimbiza basi. Fantasmagorie haitaki mdomo wako, inataka uitazame umenyamaza, kisha uirudie, kisha uirudie tena. Nimeitazama usiku simuni mara nyingi kuliko ninavyoweza kukiri, na kila mara naona mgeuko mmoja nilioukosa. Kwa mtu mmoja, au wawili wanaopenda kuchora, sioni inayoizidi. Kwa watoto ishirini wanaosukumana mbele ya shuka inapita kama gari la abiria lililojaa: wanaiona, haisimami.

Gertie ni kinyume chake kabisa. McCay aliiunda iwe mwenzake jukwaani. Februari 1914, kwenye ukumbi wa Palace mjini Chicago, alisimama kando ya skrini na mjeledi mkononi kama mfuga wanyama wa sarakasi, akamwita Gertie. Dinosau anachungulia kutoka pangoni, anaona haya, anatoka, anakula jiwe, anameza mti. McCay anamwambia awasalimu watu, naye anainama. Inua mguu huu. Inua ule. Akikaidi anagombezwa, na akigombezwa analia machozi makubwa yanayodondoka chini kama embe mbivu. McCay alimrushia tofaa la karatasi ngumu: yeye analificha mfukoni kwa ujanja, na ndani ya skrini tofaa lililochorwa linatua kinywani mwa dinosau. Mwishoni McCay anatembea nyuma ya skrini, na papo hapo anatokea ndani yake akiwa kichoro, Gertie anamwinua, anamweka mgongoni, wanaondoka pamoja.

Watu husema Gertie ni katuni ya kwanza duniani. Si kweli, na hata McCay mwenyewe alikuwa na nyingine mbili kabla yake. Lililo jipya kwa Gertie ni tabia. Mbu, vijitu na nyuso za chaki zilizotangulia zilikuwa zikifanya mambo. Gertie anataka mambo. Anakaidi kabla ya kutii, anaangalia pembeni kuona kama bwana wake anamtazama, anachoka, anajilaza, anajikuna. Tembo wa kale mwenye manyoya anapopita mbele yake anamdaka mkia na kumtupa ziwani, kisha anajitia hana habari. Mtoto yeyote mwenye mdogo wake nyumbani anajua sura hiyo.

Mtazame kwa karibu anapokuwa amesimama tu bila kufanya kitu. Ubavu wake unapanda na kushuka. McCay alipima kwa saa pumzi zake mwenyewe ili ajue dinosau achukue muda gani kuvuta na kushusha. Kisha hamisha macho kwenye mawe na mti nyuma yake: yanatetemeka kidogo, kama yanayoonekana kupitia joto la jua la saa saba. Sababu ni kwamba karatasi za plastiki angavu, zile za seluloidi ambazo baadaye ziliruhusu mandhari ichorwe mara moja tu, hazikuwa zikitumika bado. Kila karatasi ilibeba kila kitu: dinosau, mawe, mti, ziwa. Michoro ilikuwa kama 10,000. McCay alichora Gertie, na kijana jirani yake, John Fitzsimmons, akanakili mandhari ile ile juu ya kila karatasi nyembamba. Mtetemo unaouona ni mkono wa binadamu anayerudia mstari ule ule kwa mara ya elfu kadhaa na kukosea kwa upana wa unywele.

Kasoro yake ni dibaji. Nakala inayopatikana leo si lile onyesho la jukwaani. William Randolph Hearst, mwenye magazeti na mwajiri mpya wa McCay, alimbana apunguze safari za jukwaani ili akae mezani achore, kwa hiyo mwaka huo huo wa 1914 Gertie akafungwa ndani ya filamu ya majumba ya sinema: mabwana wenye suti gari lao linapata pancha mbele ya makumbusho ya viumbe jijini New York, wanaingia kuona mifupa ya dinosau, na McCay anawekeana dau la chakula cha jioni na mchora vibonzo mwenzake, George McManus, kwamba atamfufua mnyama huyo. Kisha tunaonyeshwa marundo ya karatasi. Maneno ya McCay kwa Gertie yamegeuzwa maandishi ya Kiingereza yanayokatiza picha. Kwa anayependa historia, dibaji ina utamu wake. Kwa watoto ni dakika kadhaa za wanaume wanaopigana mabega. Ruka moja kwa moja mpaka pango linapoonekana, na wewe ndiye uwe maandishi.

Hapo ndipo chaguo langu linapokatika. Ukiwa na mtu wa kusimama kando ya shuka, asiyeona haya kumgombeza dinosau kwa Kiswahili mbele za watu, chukua Gertie na usitazame nyuma. Usipokuwa naye, Gertie atapwaya: utaona mnyama anayeinua miguu bila sababu, na kati ya mguu na mguu, ubao wa maneno ambayo watoto hawayasomi.

Kuna kisa kidogo cha kindugu kati ya filamu hizi mbili. Huyo McManus aliyelipa chakula ndiye mwenye kibonzo cha wenye ndoa wapya na mtoto wao mtukutu, ambacho Cohl, alipohamia Fort Lee, New Jersey, kuifanyia kazi kampuni ya Éclair, alikigeuza mfululizo wa filamu kuanzia 1913. Karibu zote zimepotea. Cohl alirudi Ulaya, akafariki Januari 1938 akiwa fukara, siku moja kabla ya Georges Méliès, mtengeneza filamu mwenzake wa Ufaransa.

Yule ambaye hakutegemewa

Kama huna msimulizi, na hadhira ni kubwa, jibu si Cohl. Jibu ni mbu.

"How a Mosquito Operates" ni ya McCay pia, ya 1912, michoro kama 6,000, dakika sita hivi. Mbu mkubwa, mwenye kofia na mkoba kama bwana afisa anayekwenda kazini, anamfuata mtu mwenye usingizi hadi chumbani kwake. Mtu analala. Mbu anatua, anachoma, anasukumwa kwa mkono wa usingizini, anarudi. Anatoa jiwe la kunolea mkobani, ananoa mdomo wake sawasawa kama fundi anavyonoa kisu cha Idi, kisha anajaribu ncha. Anakunywa, tumbo linakua. Anakunywa tena. Anajionyesha kwa sarakasi juu ya pua ya mwenye damu yake. Anaongeza funda moja la uroho, na anapasuka.

Hakuna neno hata moja linalohitajika. Wamarekani wa 1912 walicheka, lakini naamini hawakucheka kama wanavyocheka watoto wa pwani yetu, ambao mbu wanamjua kwa sauti, kwa saa zake za kufika na kwa homa anayoiacha. Kwenye shuka langu, mbu alipotoa jiwe la kunolea, mmoja alipiga kelele, "Ndiyo maana!" Alipopasuka walishangilia kama goli la dakika ya mwisho.

Ukimlinganisha na Gertie, mbu ana roho nyembamba: ana uroho tu, hana haya wala huzuni, na mtu anayenyonywa ni kama kipande cha ardhi. Picha pia ni tuli zaidi, chumba na uso. Lakini anakutegemea kidogo sana. Unabonyeza, unakaa. Kwa mwalimu mwenye darasa la wanafunzi 60 na sauti iliyokauka tangu asubuhi, hiyo ni sifa kubwa.

Zinazotaka kupimwa kabla ya kuwekwa mbele ya watoto

Filamu ya kwanza ya McCay, "Little Nemo" ya 1911, ndiyo orodha nyingi za mtandaoni zitakuambia uanze nayo. Michoro kama 4,000, nakala ikapakwa rangi kwa mkono, na kile kipande cha mistari inayojivuta na kujirefusha kama kioo cha maonyesho bado kinapendeza. Lakini mmoja wa wahusika wake ni Impie, "mtoto wa msituni", Mwafrika wa kejeli mwenye midomo minene na sketi ya majani, kama alivyokuwa gazetini. Nikiwa mtu mzima naweza kuiangalia na kusema: hivi ndivyo gazeti la Jumapili la New York lilivyotuchora. Sitaiweka ya kwanza mbele ya mtoto wa miaka sita, akaanza kujiuliza yule ni nani. Kwa kidato cha nne, kukiwa na mazungumzo baadaye, naam.

Blackton naye ana filamu ya 1907 inayogeuza majina ya kuwatukana watu weusi na Wayahudi kuwa nyuso. Usichanganye na ile ya 1906 nitakayoitaja chini.

Halafu yupo Kanali Heeza Liar wa John Randolph Bray. Lisome jina hilo haraka kwa Kiingereza na utasikia "yeye mwongo". Mfululizo wake ulianza mwishoni mwa 1913, na kituo chake cha kwanza kilikuwa Afrika, kwa sababu inayotuhusu: ni dhihaka kwa Theodore Roosevelt, rais mstaafu aliyeshuka Mombasa Aprili 1909, akapanda treni kwenda bara kuwinda, na kurudi na hadithi zilizojaa magazeti. Bray alimpa Kanali tumbo, miwani na uongo usioisha. Kwa mwalimu wa historia anayetaka kuonyesha namna safari ile ya Kenya ilivyogeuka kichekesho huko ng'ambo ndani ya miaka minne, Kanali ana thamani kuliko Gertie. Kwa kicheko cha jioni, hapana. Bara letu pale ni ghala la vituko tu.

"Feline Follies" ya Novemba 1919, kazi ya Otto Messmer katika studio ya Pat Sullivan, ina paka mweusi ambaye muda si mrefu angeitwa Felix. Ana akili za kupendeza: anachukua noti za muziki alioupiga na kuzifanya kigari. Ila mwisho wake paka anagundua mpenzi wake ana lundo la watoto, anakimbia, anaweka mdomo kwenye bomba la gesi na kujiua. Watu wa 1919 waliona ni mzaha. Wewe izime sekunde thelathini kabla, au chagua Felix wa baadaye. Naye hasa si mtoto wa gazeti: alitoka kwenye filamu akaingia gazetini mwaka 1923.

Na ipo "The Sinking of the Lusitania". Hii usiilinganishe na nyingine, ina meza yake. Meli ya Lusitania ilizamishwa na manowari ya Kijerumani tarehe 7 Mei 1915, watu 1,198 wakafa. Hearst hakutaka Marekani iingie vitani, McCay hakukubaliana naye, akaitengeneza kwa muda na pesa zake mwenyewe, michoro kama 25,000, karibu miaka miwili, ikatoka Julai 1918. Aliyemchora dinosau analia ndiye anayechora moshi unaojiviringa, meli inayolala ubavu, na watu wadogo kama punje za mchele wanaodondoka kwenye kamba. Mwishoni mama anazama akimwinua mtoto wake juu ya maji. Hakuna kicheko ndani yake. Maandishi yake yanachochea chuki waziwazi, na hilo pia ni somo. Uzuri wa mkono wa McCay umefika kileleni hapa, na nisingependa kuwa baba aliyeionyesha kabla ya kulala.

Za kujazia

"Humorous Phases of Funny Faces" ya Blackton, 1906, dakika tatu: nyuso za chaki zinajichora, bwana anavuta sigara na kumpulizia bibi moshi usoni hadi anafunikwa. Ni bibi mzaa wa ukoo wote huu na inastahili heshima, lakini ni salamu, haitoshi kuwa mlo. Nilianza nayo ile jioni ya kwanza. Sasa naiweka ya tatu, wakati watoto wameshaona raha na wanataka kujua inafanywaje. Baada ya hapo wape chaki.

"The Artist's Dream" ya Bray, 1913, ni mbwa anayekula soseji mpaka analipuka. Ukishaonyesha mbu, usionyeshe mbwa. Mzaha ni ule ule, na mbu anaufanya vizuri zaidi.

Krazy Kat wa 1916 na Mutt na Jeff ni mtego wa jina. Vibonzo vyake vya magazetini ni mali safi, lakini filamu zilitengenezwa na studio. George Herriman, mchoraji wa kibonzo cha Krazy Kat, hakuwamo kwenye filamu zake, na Bud Fisher, mwenye kibonzo cha Mutt na Jeff, alijitwalia sifa za filamu ilhali kazi ilikuwa ya Raoul Barré, Charles Bowers na watu wao. Jina la duka ni la mmoja, aliye jikoni ni mwingine. Baada ya Gertie utaona tofauti: mistari inakwenda, hakuna anayepumua.

Moja ya kuongeza kama una nafasi: "The Tantalizing Fly" ya Max Fleischer, 1919. Fleischer alianza kama tarishi wa gazeti la Brooklyn Daily Eagle kabla ya kuwa mchoraji wake. Nzi anamsumbua mchoraji mezani, mwanasesere wa wino aliye kwenye karatasi anajaribu kumuua nzi. Mwendo wa yule mwanasesere una ulaini wa ajabu, kwa sababu Fleischer alibuni mtambo wa kufuatisha picha za mtu halisi, na mtu mwenyewe ni ndugu yake Dave aliyevaa nguo za kichekesho. Baada ya mbu, nzi. Watoto wangu waliona ni mfululizo mmoja, sikuwakatalia.

Jioni yenyewe

Nakala zake hazina shida. Kazi hizi zimeshatoka kwenye hakimiliki Marekani, na Maktaba ya Bunge la nchi hiyo imeziweka kadhaa mtandaoni bure. Angalia mwendo tu. Nyingi zilipigwa kwa picha kama 16 kwa sekunde, na mtu akiziweka kwa mwendo wa siku hizi zinakimbia kama zinafukuzwa. Gertie akitembea kama kuku, punguza kasi hadi robo tatu na uone kama uzito wake umerudi. Zima pia ile piano. Kuna aliyempachikia dinosau muziki wa harusi.

Nilianza na mbu. Nikafuata nzi, kisha nyuso za chaki, kisha nikazima kila kitu na kusimama kando ya shuka nikiwa na ufito wa mwembe. Nikamwita Gertie kwa sauti. Alipochungulia, kimya kilishuka uani. "Toka, usione haya, wageni wamekuja." Akatoka. "Wasalimie." Akainama, na wawili wa mbele wakamjibu "Marahaba" bila kuambiwa. Alipogoma kuinua mguu nikampigia kelele, akalia, na binti wa dada yangu akanigeukia kwa hasira ya kweli: "Mjomba, umemliza. Muombe radhi." Nikamuomba radhi. Kwa bahati, ndipo alipoacha kulia.

Shuka lilikuwa limening'inizwa kwenye kamba ya kuanikia, kwa vibanio sita, kwa hiyo nyuma yake kulikuwa na nafasi. McCay mdogo wa wino alipokaribia kutokea, nikapita nyuma. Huko Gertie anaonekana pia, ila amegeuka, kulia kwake kushoto, na mwanga wa projekta unapenya nyuzi za shuka hadi unaona viraka. Nilisimama pale nikamtazama akimwinua yule mtu mdogo na kuondoka naye, huku upande wa pili watoto wakipiga kelele, "Ni mjomba yule! Amempanda!" Nilipotokea, mdogo kuliko wote alinishika mkono, akaupapasa mpaka kiwikoni, akaniuliza kama ndani kule kulikuwa na baridi.